Hapa, Humo na Huko: Nafasi ya Mji na Haki ya Makazi Jijini Nairobi Tangu 1899

Ikisiri

Makala haya yanaeleza namna mpangilio wa mji na umbo la nyumba vinavyoweza kuendeleza ubaguzi hata baada ya sheria iliyouanzisha kufutwa. Mfano uliochunguzwa ni jiji la Nairobi, kuanzia kufika kwa reli mwaka 1899 hadi migogoro ya karibuni kuhusu haki ya makazi. Uchambuzi umeongozwa na viambishi vitatu vya mahali katika Kiswahili, yaani PA, MU na KU, ambavyo vinasaidia kutenganisha maswali matatu: nani alipangiwa wapi, aliishi vipi ndani ya mahali hapo, na alielekezwa wapi alipoondolewa. Hoja kuu ni kwamba ramani hudumu kuliko sheria. Kwa hiyo, haki ya makazi haiwezi kutathminiwa kwa kusoma katiba na hati miliki peke yake. Sharti isomwe pamoja na udongo, kuta na njia za mji wenyewe.

1.0 Utangulizi

Mnamo Novemba 2011 makazi ya Mitumba, yaliyokuwa karibu na Uwanja wa Ndege wa Wilson jijini Nairobi, yalibomolewa. Wakazi walikuwa wamepewa ilani ya siku saba kupitia gazeti, na wakati wa ubomoaji huo amri ya Mahakama Kuu ya kuuzuia ilikuwa bado ina nguvu. Kesi yao ilipanda ngazi zote za mahakama hadi ilipotolewa uamuzi na Mahakama ya Upeo ya Kenya mnamo Januari 2021. Kwa mtazamo wa haraka, huo ulikuwa mgogoro baina ya mamlaka yenye ardhi na watu wasio na hati. Hata hivyo, kuna swali ambalo hati haiwezi kulijibu: kwa nini watu hao walikuwa pale, na kwa nini jiji lenye umri wa zaidi ya karne moja halikuwa na mahali pengine pa kuwapokea?

Ili kulijibu swali hilo, ni lazima kwanza nafasi yenyewe itazamwe kama jambo la kisiasa. Mwanafalsafa wa Kifaransa Henri Lefebvre, katika kitabu alichokichapisha mwaka 1974, alishikilia kwamba nafasi si chombo kitupu kinachosubiri kujazwa na watu, bali ni zao la mahusiano ya kijamii. Mtazamo huo unakubaliwa katika makala haya, lakini unaongezewa jambo moja: zao hilo likishakamilika, lenyewe hugeuka kuwa mzalishaji. Ukuta uliojengwa kwa sababu ya amri fulani huendelea kusimama amri hiyo inapofutwa, na watoto wanaozaliwa upande huu na upande ule wa ukuta huendelea kupata maji, shule na usalama kwa viwango tofauti.

Kiswahili kina nyenzo nzuri ya kulifikiria suala hili. Nomino “mahali” huambatana na upatanisho wa aina tatu: PA, unaoonesha mahali dhahiri na mahususi, MU, unaoonesha ndani, na KU, unaoonesha mahali kwa ujumla, pasipo mipaka ya wazi, au mwelekeo wa kwendako. Katika makala haya viambishi hivyo vimetumika kama ngazi tatu za uchambuzi. PA ni nafasi ya mpangaji miji anayechora mstari juu ya ramani. MU ni nafasi ya anayeishi ndani ya mstari huo. KU ni nafasi ya anayeambiwa aondoke bila ya kuambiwa aendako.

2.0 PA: Mji Uliogawanywa

Reli ya Uganda ilifika Nairobi mwishoni mwa Mei 1899. Mahali hapo palichaguliwa kwa mahitaji ya reli: palikuwa na maji, na palikuwa tambarare ya mwisho kabla ya njia kuanza kupanda kuelekea ukingo wa Bonde la Ufa. Kilichofaa kwa kupanga mabehewa hakikufaa kwa kupanga nyumba. Upande wa mashariki ardhi ni ya udongo mweusi wa mfinyanzi, unaovimba na kutuamisha maji wakati wa mvua na kupasuka wakati wa kiangazi. Upande wa magharibi na kaskazini ardhi huinuka, udongo ni mwekundu, na maji hutiririka kwa urahisi. Tofauti hiyo ya kijiolojia haikuwa dhambi ya mtu yeyote. Siasa ilianza pale ilipoamuliwa nani akae juu na nani akae chini.

Uamuzi huo ulivikwa vazi la afya ya umma. Tauni ilizuka mjini katika miaka yake ya mwanzo, na lawama zikaelekezwa kwenye soko la Wahindi na makazi ya Waafrika. Mwaka 1913 mtaalamu wa afya kutoka Uingereza, Profesa W. J. Simpson, alitumwa kuchunguza hali ya usafi katika miji ya Afrika Mashariki. Pendekezo lake lilikuwa kwamba Wazungu, Waasia na Waafrika wakae katika kanda tofauti, zikitenganishwa na ukanda wa ardhi isiyojengwa. Pendekezo la aina hiyo liliathiri pia upangaji wa Dar es Salaam na Zanzibar. Inafaa kuzingatiwa kwamba ugonjwa, ambao ulitokana na msongamano na ukosefu wa majitaka yaliyopangwa, ulitafsiriwa kuwa sifa ya watu badala ya kuwa sifa ya huduma walizonyimwa.

Mwaka 1923 serikali ya Uingereza ilitoa Waraka wa Devonshire, ambao miongoni mwa mambo mengine uliachana na sera rasmi ya kuwatenga Wazungu na Waasia katika makazi ya mijini. Hapa ndipo hoja ya makala haya inapoanza kudhihirika. Sera iliachwa, lakini mji haukubadilika. Masharti yaliyoandikwa katika hati za ardhi yaliwazuia wamiliki kuuza au kupangisha kwa watu wa asili nyingine. Kanuni za ujenzi ziliweka viwango vya ukubwa wa viwanja na aina ya vifaa ambavyo ni wachache tu wangeweza kuvimudu. Ubaguzi ulihama kutoka katika tamko la serikali na kuingia katika vipimo vya kiwanja, mahali ambapo haukuhitaji tena kutaja rangi ya mtu.

Kwa Waafrika hapakuwa na haja ya kuficha. Kuanzia mwaka 1920 mwanamume Mwafrika alilazimika kubeba kipande, na aliyekutwa mjini bila ya kazi aliweza kukamatwa kwa sheria za uzururaji. Mwanzoni mwa miaka ya 1920 Pumwani ilitengwa kuwa mtaa rasmi wa Waafrika, na vijiji vya awali vilivyojengwa na wakazi wenyewe vikaanza kuondolewa. Pangani, kijiji cha nyumba za udongo ambamo Waswahili na wahamiaji wengine walikuwa wamejijengea na kupangisha vyumba, kilibomolewa mwishoni mwa miaka ya 1930, na wakazi wake wakaelekezwa katika mtaa mpya ulioitwa Shauri Moyo. Mabadiliko hayo hayakuwa ya anwani tu. Mwenye nyumba wa Pangani, wakiwemo wanawake wengi waliojitegemea kwa kodi za vyumba, alikuwa na mali. Katika mtaa wa manispaa mkazi alikuwa mpangaji wa serikali.

Mpango mkuu wa mwaka 1948, ulioandaliwa na L. W. Thornton White, L. Silberman na P. R. Anderson, ulikuja na lugha mpya. Ulizungumzia mitaa inayojitosheleza kwa shule, maduka na bustani, na haukuufanya ubaguzi wa rangi kuwa msingi wa maelezo yake. Lakini mitaa ya wafanyakazi ilibaki mashariki, karibu na reli na viwanda, juu ya udongo uleule mweusi. Lugha ya kitaalamu iliupa mgawanyo uliokwishakuwepo sura ya jambo la kawaida.

3.0 MU: Kitanda, Ua na Ukumbi

Ramani huonesha mipaka ya mtaa, lakini haioneshi maisha ya ndani. Makazi ya Waafrika katika Nairobi ya kikoloni yalihesabiwa kwa nafasi za vitanda, si kwa nyumba. Muthurwa, mtaa uliojengwa kwa ajili ya wafanyakazi wa reli, ni kielelezo cha usanifu huo: vyumba kimoja kimoja vilivyopangwa kwa safu, huku maji, vyoo na sehemu za kupikia vikiwa vya pamoja. Chumba cha namna hiyo kilibeba dhana kamili kuhusu binadamu anayekaa humo. Kilimchukulia kuwa mwanamume asiye na mke wala watoto mjini, ambaye kwao ni kijijini na ambaye atarudi huko nguvu zake zitakapokwisha. Mishahara nayo ilikadiriwa kwa kigezo hicho hicho, hadi Kamati ya Carpenter ilipopendekeza mwaka 1954 kwamba ujira uzingatie mahitaji ya familia. Kwa maneno mengine, haki ya kuishi na familia haikukatazwa kwa sheria iliyoandikwa. Ilikatazwa kwa urefu na upana wa chumba.

Mwaka huohuo wa 1954 nafasi ilitumika waziwazi kama silaha. Hali ya Hatari ilikuwa imetangazwa Oktoba 1952 kufuatia vita vya Mau Mau. Alfajiri ya tarehe 24 Aprili 1954, katika Operesheni Anvil, takriban askari 25,000 waliizingira Nairobi na kuipekua mtaa kwa mtaa. Wakikuyu, Waembu na Wameru walitengwa na kuchujwa, na makumi ya maelfu yao wakapelekwa katika kambi za vizuizini. Mji uliokuwa umekwishagawanywa kwa kanda ulirahisisha kazi hiyo: mitaa ya Waafrika ilikuwa upande mmoja, yenye safu za nyumba zilizonyooka na njia chache za kuingilia.

Kuanzia katikati ya mwaka huo mbinu hiyo ilihamishiwa mashambani. Zaidi ya watu milioni 1 walilazimishwa kuyaacha makazi yao yaliyotawanyika katika miinuko ya Mkoa wa Kati na kuhamia katika vijiji zaidi ya 800 vilivyojengwa kwa amri. Vingi vilizungushiwa handaki na nyaya zenye miiba, vikawekewa kituo cha walinzi na amri ya kutotoka nje. Wakati watu wakiwa humo, ardhi yao ilipimwa upya na kuunganishwa chini ya Mpango wa Swynnerton. Hali ya Hatari ilimalizika rasmi mwaka 1960, na wengi wenye ardhi walirudi mashambani mwao. Wasiokuwa na ardhi walibaki. Hadi leo baadhi ya vijiji hivyo katika Nyeri, Murang’a na Kiambu huitwa vijiji vya ukoloni, na wakazi wake wameendelea kudai hati za viwanja walivyorithi kutoka kwa wazazi waliowekwa pale kwa nguvu. Sheria iliyovianzisha vijiji hivyo haipo tena. Ramani yake ipo.

Hata hivyo, itakuwa kosa kuhitimisha kwamba nafasi humtawala mtu moja kwa moja. Mtaa wa Kaloleni, uliojengwa katika miaka ya 1940 kwa nyumba za kifamilia na viwanja vya wazi, ulikuwa na ukumbi wa jamii uliokusudiwa kwa burudani na malezi ya raia watulivu. Mnamo tarehe 23 Aprili 1950, katika ukumbi huo, Makhan Singh aliwasilisha mbele ya mkutano wa hadhara azimio la kudai uhuru kamili wa nchi za Afrika Mashariki. Mwezi uliofuata yeye na Fred Kubai walikamatwa, na wafanyakazi wa Nairobi wakagoma. Mitaa iliyojengwa ili kuwakusanya wafanyakazi pamoja kwa urahisi wa kuwasimamia iliwapa pia urahisi wa kukutana. Jengo huweka masharti ya kile kinachowezekana, lakini haliwezi kuamua peke yake kitakachotendeka humo.

4.0 KU: Kufukuzwa na Swali la Kwendako

Baada ya uhuru wa mwaka 1963 vizuizi vya kuingia mjini viliondolewa, na watu wakaja kwa haki yao. Mji waliouingia ulikuwa na vyumba vya makapera, kanuni za ujenzi zilizorithiwa, na ardhi kubwa ya magharibi yenye nyumba chache. Waliokosa nafasi walijijengea palipobaki: kandokando ya mito ya Nairobi na Mathare, pembeni mwa reli, chini ya nyaya za umeme, kwenye machimbo yaliyoachwa na katika hifadhi za barabara. Makazi hayo yaliitwa haramu kwa sababu yalikuwa nje ya mpango. Ni nadra kuulizwa kama mpango wenyewe uliwahi kuwa na mahali pao ndani yake.

Jibu la mamlaka kwa miongo mingi lilikuwa ubomoaji. Mmoja wa ubomoaji uliokumbukwa zaidi ni wa Muoroto, Mei 1990, katika kipindi ambacho mabishano kuhusu mfumo wa vyama vingi yalikuwa yamepamba moto. Katika matukio ya aina hiyo lugha ya serikali hutumia KU: watu waende kwingine, warudi kwao. Kiambishi hicho kinafaa sana kwa amri ya kufukuza, kwa kuwa hakimlazimishi msemaji kutaja mahali dhahiri.

Katiba iliyoanza kutumika Agosti 2010 ilibadilisha msingi wa mjadala. Ibara ya 43 inampa kila mtu haki ya makazi yanayofikika na yanayotosheleza, pamoja na viwango vya kuridhisha vya usafi. Ibara ya 21 inaitaka serikali kutekeleza haki hiyo hatua kwa hatua. Mtihani mmoja wa mapema ulitoka Muthurwa kwenyewe. Mtaa huo ulikuwa umehamishiwa mfuko wa pensheni wa wafanyakazi wa reli, nao ulitaka kuuendeleza upya. Wapangaji waliotakiwa kuondoka mwaka 2010 walikwenda mahakamani, na mwaka 2013 Mahakama Kuu iliamua kwamba namna walivyoshughulikiwa ilikiuka haki zao. Mgogoro huo haukuwa wa mwema dhidi ya mwovu: upande mmoja ulihitaji paa, upande mwingine ulihitaji pensheni. Ugumu wake ulitokana na jengo lililokusudiwa kumhifadhi kibarua wa muda, ambalo kwa vizazi kadhaa lilibeba familia ambazo hazikuwahi kupangiwa kuwepo humo.

Kesi ya Mitumba ilikwenda mbali zaidi. Mahakama Kuu iliwapa wakazi ushindi mwaka 2013, Mahakama ya Rufaa ikautengua mwaka 2016, na Mahakama ya Upeo ikatoa msimamo wake mwaka 2021. Kwa muhtasari, ilielezwa kwamba watu wasio na ardhi wanapokalia ardhi ya umma na kuanzisha makazi humo, hawapati hati miliki, bali wanapata haki ya makazi inayostahili kulindwa juu ya ardhi hiyo. Ikiwa kuondolewa hakuepukiki, mahakama inaweza kutoa amri zinazohusu ilani, fidia au makazi mbadala, na kuendelea kusimamia utekelezaji wake. Suala la nafuu kwa wakazi wa Mitumba lilirudishwa Mahakama Kuu.

Umuhimu wa uamuzi huo unaonekana vizuri kwa kutumia viambishi vyetu. Sheria ya ardhi ilikuwa ikitambua PA pekee, yaani kiwanja chenye namba na mwenyewe. Mahakama ya Upeo ilitambua kwamba MU nako kuna uzito wa kisheria: kuishi ndani ya mahali, kulea na kuzika wapendwa ukiwa humo, huzaa maslahi hata pasipo hati. Aidha, ilipunguza utata wa KU kwa kutambua kwamba mahakama inaweza kuamuru makazi mbadala kwa anayeondolewa alipo. Marekebisho ya sheria za ardhi ya mwaka 2016 yalikuwa yamekwishaweka sharti la ilani isiyopungua miezi mitatu kwa watu wanaokalia ardhi kinyume cha sheria.

Pamoja na hayo, mafuriko ya mwaka 2024 yalionesha jinsi ramani ya zamani inavyoendelea kufanya kazi. Mito ilipofurika, waliopoteza makazi kwa wingi walikuwa wakazi wa Mathare, Mukuru na maeneo mengine ya mabondeni. Serikali iliamuru watu waondoke kandokando ya mito, na ubomoaji ukafuata. Tahadhari ya kuokoa maisha ni wajibu wa dola, wala haifai kubezwa. Lakini mtu hakai kwenye ukingo wa mto kwa kutojua kwamba mto hufurika. Hukaa pale kwa sababu nafasi zote zilizoinuka zilikwishagawiwa kabla hajazaliwa.

5.0 Mipaka ya Hoja

Hoja iliyojengwa hapa ina mipaka inayopaswa kutajwa. Kwanza, usanifu na upangaji miji si chanzo pekee cha ukosefu wa makazi. Mishahara midogo, unyakuzi wa ardhi ya umma baada ya uhuru na maslahi ya wamiliki wa mabanda wanaopangisha bila kuishi humo vina nafasi kubwa. Pili, ramani ya mwaka 1948 haikulazimisha tawala zilizofuata kuifuata. Kuendelea nayo ulikuwa uamuzi, japo uamuzi uliofanywa mara nyingi kwa kunyamaza. Tatu, mgawanyo wa rangi wa zamani leo umekuwa mgawanyo wa kipato: magharibi mwa jiji wanaishi Waafrika wengi wenye uwezo. Badiliko hilo haliidhoofishi hoja, bali linaithibitisha, kwa kuwa linaonesha kwamba nafasi inaweza kubadilisha wanaonufaika nayo bila ya kubadilisha kanuni yake.

6.0 Hitimisho

Makala haya yameonesha kwamba katika Nairobi sheria za ubaguzi zilifutwa kwa awamu, mwaka 1923, mwaka 1960 na mwaka 1963, na kila mara kitu kilichokuwa kimejengwa chini ya sheria hizo kilibaki na kuendelea kugawa fursa. Kwa mtafiti wa haki za binadamu, matokeo hayo yanadai mabadiliko ya njia. Inapochunguzwa kesi ya kuondolewa kwa watu, haitoshi kuuliza nani ana hati. Ni lazima pia paulizwe mahali pale palitengwa lini na kwa ajili ya nani, nyumba zake zilipimwa kwa dhana gani kuhusu mkazi, na kama kuna mahali palipotajwa kwa jina ambako aondokaye atapokelewa.

Kwa wapangaji miji na wasanifu majengo, matokeo hayo yanaongeza wajibu. Mchoro wa leo ni sheria isiyoandikwa ya miaka 100 ijayo, na hakuna bunge litakaloweza kuifuta kwa kura moja. Mkazi wa Mitumba alikwenda mahakamani kwa karibu miaka 10 ili itambuliwe kwamba alikuwa mahali. Haki ya makazi itakuwa imekamilika pale ambapo utambuzi huo utakuwemo ndani ya ramani kabla ya tingatinga kuwashwa.